Medem aliwapa Wabaski wote nafasi ya kusema, akaishia kutukanwa. Kosa lake lilikuwa nini hasa?

#1 KameraMoja

Wakuu, heshima kwenu.

Nina hoja, na mnaruhusiwa kunishambulia mradi mje na ushahidi. Mwaka 2003 Julio Medem, mzaliwa wa San Sebastián, alitoa dokumentari iitwayo La pelota vasca: la piel contra la piedra. Kabla ya hapo alijulikana kwa filamu za mapenzi na ndoto, zile ambazo watu wa vyuo wanakesha wakibishana zinamaanisha nini. Ghafla akawaweka kando waigizaji. Kwa kampuni yake mwenyewe akazunguka Nchi ya Wabaski, mpakani mwa Hispania na Ufaransa, kuhoji watu: wanasiasa, waandishi, mjane, aliyekatika mguu kwa bomu, aliyesema aliteswa na polisi, hadi mmoja wa waasisi wa ETA, kundi la silaha lililopigania uhuru wa Wabaski. Ndani ya filamu wanaonekana watu wapatao 70. Msimulizi hayupo. Hakuna sauti nzito ya kukuambia huyu mwema, yule mbaya.

Kilichofuata? Partido Popular (PP), chama tawala cha waziri mkuu Aznar wakati ule, kilikataa kushiriki kisha kikaisema vibaya. ETA nao, kama kundi, hawakushiriki. Wawili waliohojiwa wakadai watolewe. Kukawa na shinikizo kwamba iondolewe kwenye tamasha la San Sebastián. Waandaaji wakakataa, ikaonyeshwa. Mwanzoni mwa 2004 waathirika wa ugaidi wakaandamana nje ya ukumbi wa tuzo za Goya, tuzo kuu za filamu za Hispania.

Ninachosema mimi: mtengenezaji huru akiingia kwenye mgogoro uliomwaga damu, kusikiliza pande zote ndilo kosa lenyewe. Angechagua upande, angalau nusu ya watu wangemkingia kifua. Nani anapinga?

#2 Siti ya Mbele

Nimeshakaa. Wajuzi njooni.

#3 Konda Msomi

Mkuu, mimi huko napajua kwa Athletic Bilbao tu, ile timu inayosajili Wahispania peke yao. Na hao ETA walianza 1968, au? Jibuni kwa ufupi, nipo barabarani.

#4 Nyaraka

Konda, paki gari kwanza usome vizuri.

Athletic hawachukui "Wahispania". Wanachukua Wabaski, yaani waliozaliwa huko au waliokuzwa kisoka huko. Mtu wa Madrid hapati namba hata acheze kama malaika. Na Nchi ya Wabaski si Hispania tupu: kwa hesabu ya wenyewe ni majimbo saba, manne upande wa Hispania na matatu upande wa Ufaransa.

ETA ilianzishwa 1959, chini ya dikteta Franco. Mwaka 1968 ndipo walipoua mara ya kwanza, askari wa Guardia Civil barabarani. 1973 wakamlipua Carrero Blanco, waziri mkuu wa Franco, katikati ya Madrid. Franco akafa 1975, msamaha ukaja 1977, Wabaski wa majimbo matatu wakapata mamlaka yao ya ndani 1979. Ungetegemea bunduki zinyamaze. Badala yake miaka iliyomwaga damu zaidi ndiyo hiyo hiyo, kuelekea 1980. Walisimamisha silaha moja kwa moja Oktoba 2011, wakajivunja Mei 2018. Waliouawa na ETA ni zaidi ya 800.

Upande wa pili nao una makaburi. Kikosi cha siri cha GAL, kilichoendeshwa na watu wa serikali dhidi ya ETA, kiliua watu 27 kati ya 1983 na 1987, na waziri wa zamani wa Mambo ya Ndani, Barrionuevo, akahukumiwa 1998 kwa utekaji wa mtu ambaye hata hakuwa waliyemtafuta. Utafiti ulioagizwa na serikali ya Wabaski yenyewe, uliotoka 2017, ulihesabu kesi 4,113 za mateso kuanzia 1960.

Sasa simika kamera katikati ya hayo yote, halafu umwambie kila mtu akae mahali pake.

#5 Konda Msomi

Nyaraka umenitoa damu ya pua asubuhi hii. Shukrani.

#6 MezaYaUhariri

Nazungumza kama mtu ninayekula kwa kukata picha. Watu wanajadili siasa ya Medem, mimi naangalia mkasi wake.

Aliwaketisha wahojiwa nje: milimani, ufukweni, mbele ya majabali. Hakuna ofisi, hakuna bendera mgongoni. Hiyo ni akili kubwa, maana inamvua mtu cheo. Lakini kwenye chumba cha uhariri aliwakata vipande vifupi na kuwapanga mmoja baada ya mwingine, na katikati anatupia wachezaji wa pelota wakiupiga mpira ukutani kwa kiganja kitupu, na picha za filamu za zamani. Matokeo yake, mtu aliyekubali kuhojiwa akiwa peke yake anajikuta anajibizana na mtu ambaye asingekubali kupanda naye lifti moja.

Ndiyo maana sishangai wale wawili kudai watolewe. Kilichowauma si maneno waliyosema, ni waliyepangwa naye.

Mimi yamenikuta kwa udogo. Nilihariri video ya mgogoro wa mpaka wa shamba, wazee wawili ndugu. Nikafanya ujanja wa kuwakatisha wakawa kama wanajibizana. Kwenye skrini ilipendeza sana. Mmoja wao akaniambia: "Mwanangu, mimi sijaongea na yule tangu mama yetu afariki. Wewe umenikutanisha naye kwa ruhusa ya nani?" Sikuwa na jibu.

#7 Binti Forodhani

MezaYaUhariri, hilo ni kweli lakini halitoshi. Kila dokumentari yenye wahojiwa wengi inafanya hivyo, na hazipingwi hivi. Kwa nini hii?

#8 Nyaraka

Binti, angalia kalenda. Mwaka 2002 Hispania inatunga sheria mpya ya vyama. Februari 2003 gazeti la Egunkaria, la kila siku kwa Kibaski, linafungwa na wakubwa wake wanakamatwa. Mhariri mkuu Martxelo Otamendi anasema aliteswa. Machi 2003 chama cha Batasuna kinapigwa marufuku kwa kuonekana mkono wa kisiasa wa ETA. Wakati huo huo rais wa Wabaski, Ibarretxe, anaandaa mpango wake wa uhusiano mpya na Madrid. Madiwani wa PP na wa chama cha Kisoshalisti wanatembea na walinzi, wengine wanatazama chini ya gari kila asubuhi. Uchaguzi mkuu upo Machi 2004.

Filamu inatoka Septemba 2003. Siku kama hizo ukisema "tuzungumzeni", umeshapiga kampeni hata kama hukukusudia. Kuzungumza lilikuwa neno la upande mmoja.

Na mkumbuke ya Machi 11, 2004: mabomu ya treni za Madrid, serikali ikang'ang'ania kwamba ni ETA, kumbe sivyo, na siku tatu baadaye ikaanguka kwenye uchaguzi. Hapo ndipo utaona jina la ETA lilikuwa na uzito gani kwenye siasa za mwaka ule.

Nyongeza: kesi ya Egunkaria iliisha 2010 kwa wote kuachiwa huru, na 2012 Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu ikaitia Hispania hatiani kwa kutochunguza madai ya Otamendi.

#9 Kigogo wa Kijiweni

Kwa hiyo tatizo ni tarehe. Angetoa 2012 angepewa maua.

#10 Mama Zawadi

Hapana jamani, tarehe si kila kitu. Mnawaruka waathirika kama vile ni watu wa povu tu. Ndani ya filamu yumo Cristina Sagarzazu, mjane wa ofisa wa polisi ya Wabaski, Ertzaintza, aliyeuawa na ETA 1996. Hatua chache mbele unasikia uchungu wa familia za wafungwa wa ETA, jinsi wanavyosafiri umbali mrefu kumwona mtu wao. Mimi nawahurumia wote. Ila mmoja anasafiri kwenda gerezani, mwenzake anakwenda makaburini. Ukiwapanga jirani bila kusema lolote, umeshasema. Na mwenye kaburi ana haki ya kukasirika.

#11 MezaYaUhariri

Mama Zawadi, kuwapanga jirani si kuwasawazisha.

#12 Mama Zawadi

Kwenye #6 umetuambia mwenyewe kwamba mkasi unasema. Chagua moja.

#13 Siti ya Mbele

😂😂 Meza imepinduliwa.

#14 Nyaraka

Mama Zawadi ana hoja nzito, lakini tusiwafanye waathirika kuwa sauti moja. Eduardo Madina, Msoshalisti kijana, alipoteza mguu Februari 2002 kwa bomu la ETA chini ya gari lake. Mwaka uliofuata filamu inatoka naye yumo, anazungumza kwa utulivu ambao mimi nisingeuweza. Sagarzazu mwenyewe alikubali kukaa mbele ya kamera. Walioandamana walikuwa waathirika, na waliozungumza ndani walikuwa waathirika. Chama kimoja hakiwezi kuwasemea wote.

#15 Mswahili wa Bilbao

Habari za huko nyumbani. Nimeuona uzi nikiwa kwenye metro, nimecheka, maana huku watu hawaujadili hivi hata leo.

Naishi mtaa wa San Francisco, Bilbao, kwenye Waafrika wengi. Nafanya kazi jikoni. Kuna mzee nilikuwa naye kwenye jiko moja, mtu wa jimbo la Gipuzkoa, alinifundisha kupika chewa. Alikuwa haishiwi hadithi. Siku moja nikamuuliza kuhusu ETA, akafunga mdomo kama nimemtukania mzazi. Baada ya muda mrefu ndiyo akanisimulia: jengo alilokulia, ghorofa ya chini alikaa mama ambaye mumewe aliuawa, ghorofa ya juu mama ambaye mwanae alikuwa jela kusini kabisa mwa Hispania. Walisalimiana ngazini miaka yote. "Egun on", basi, kila mtu na mfuko wake wa sokoni.

Kwenye txoko yao, zile klabu za kupika na kula pamoja, ilikuwa marufuku kugusa siasa mezani. Wanaume wanaweza kukesha wakibishana kuhusu chumvi ya mchuzi. Ukitaja chama, unaoneshwa mlango.

Kwa hiyo maelezo yangu ni mengine kabisa: Medem hakuadhibiwa kwa kusawazisha wala kwa tarehe. Aliadhibiwa kwa kuvunja ukimya. Jamii ile ilikuwa imejifunza kuishi kwa kutosema, na ukimya ule ulikuwa unawalinda wengi.

Kuhusu safari za ndugu wa wafungwa: ile ilikuwa sera ya serikali tangu 1989, kuwatawanya wafungwa wa ETA magereza ya mbali. Imeisha kabisa Machi 2023, wote wakawa wamesogezwa magereza ya huku.

#16 KameraMoja

Mswahili wa Bilbao, nimeipenda sana hii. Lakini haipingani na hoja yangu. Aliyevunja ukimya wa pande mbili kachukiwa na pande mbili.

#17 Kigogo wa Kijiweni

Mleta mada una tabia ya kubeba kila jibu ukalitia mfukoni mwako.

#18 Binti Forodhani

Tena hoja ya #1 inasema ukichagua upande utakingiwa kifua. Basi tumwangalie aliyechagua. Iñaki Arteta, mtu wa Bilbao, huru kama Medem au zaidi. Yeye tangu mwanzo kamera yake iko kwa waliouawa na ETA: Trece entre mil mwaka 2005, El infierno vasco 2008 kuhusu Wabaski waliolazimika kuhama makwao kwa vitisho, 1980 mwaka 2013 kuhusu ule mwaka wa damu alioutaja Nyaraka. Hana aibu kusema yuko upande gani. Halafu 2020 akatoa Bajo el silencio, safari hii anawaendea waliounga mkono au walionyamaza, na kuwauliza maswali mepesi kwa sauti ya chini. Paroko mmoja wa jimbo la Bizkaia akasema maneno ya kuitetea ETA mbele ya kamera. Ikawa kashfa, uaskofu wa Bilbao ukalazimika kujitenga nayo.

Mnaona? Arteta aliyechagua upande ndiye aliyepata maungamo ambayo msikilizaji wa wote hakuyapata. Mtu akijua unasimama wapi, anajua anajibu nini.

#19 Mama Zawadi

Asante Binti. Hilo ndilo nililotaka kusema nikakosa mifano.

#20 MezaYaUhariri

Sikubali. Yule paroko alisema vile kwa sababu ilikuwa 2020, bunduki zimeshanyamaza miaka tisa. Aulizwe 2003 uone kama angefungua kinywa. Tumerudi kwenye kalenda ya Nyaraka.

#21 Konda Msomi

Nimefika kituoni. Swali dogo nje ya mada: yule Iñaki Williams ndiye mweusi wa kwanza kuichezea Athletic?

#22 Mswahili wa Bilbao

Hapana. Alitanguliwa na Jonás Ramalho, baba yake Mwangola, aliyeingia kikosi cha kwanza 2011. Williams ndiye mweusi wa kwanza kuifungia bao, 2015. Wazazi wake Waghana walivuka Sahara kwa miguu hadi Melilla, yeye akazaliwa hapa Bilbao 1994. Jina la Iñaki ni la padri aliyewapokea. Yeye anachezea Ghana, mdogo wake Nico anachezea Hispania.

Ile siku Athletic walipotwaa Kombe la Mfalme 2024, la kwanza baada ya miaka 40, mtaa wetu haukulala. Wasenegali, Wanigeria, bibi wa Kibaski wa ghorofa ya pili, wote barabarani. Mtu akitaka kutengeneza dokumentari ya Wabaski wa leo, aanzie hapo badala ya kufukua ya ETA tena.

#23 Siti ya Mbele

Nilijua tu. Uzi wowote ukifika #20 lazima mpira uingie.

#24 Malenga wa Mtwapa

Na mimi niingize langu kabla haujafungwa. Watu hawa wana washairi wa papo kwa papo, huitwa bertsolari. Anasimama jukwaani, anapewa mada pale pale, anavuta pumzi kidogo, anaimba beti zenye mizani na vina bila kuandika hata herufi. Kipimo kimoja, zortziko nagusia, kinapokezana mstari wa silabi kumi na mstari wa silabi nane, na kina kile kile kinarudi hadi mwisho. Malenga wa kwetu angekaa pale akafurahi. Bingwa anavishwa kofia. Mwaka 2009 Maialen Lujanbio alikuwa mwanamke wa kwanza kuivaa, akarudia 2017 na 2022. Fainali ya 2017 ilijaza watu zaidi ya 14,000 kule Barakaldo. Kwa ushairi, wapendwa! Sisi tunapata wangapi?

Na ninayasema haya nikiwa ndani ya mada. Bertsolari wawili hupewa nafsi za kubeba: wewe ni mama wa mfungwa, wewe ni mlinzi wa gereza, haya jibizaneni. Hadhira inasikiliza na kupiga makofi. Kwa nini mshairi anaruhusiwa kuwakutanisha na mwenye kamera haruhusiwi?

#25 MezaYaUhariri

Kwa sababu mama wa kwenye ubeti ni wa kubuni. Yule wa kwenye kamera anarudi nyumbani kwa basi, na abiria wenzake wamemwona.

#26 Malenga wa Mtwapa

Hapo umenikata kilimi.

#27 Babu Jodari

Vijana, Wabaski wengine hamhitaji kuwafuata Ulaya. Bahari yetu hii imejaa meli zao za jodari. Bermeo, mji wa wavuvi wa Bizkaia, meli zake zinashinda Bahari ya Hindi, bandari yao ni Victoria, Shelisheli. Nimefanya kazi za bandari maisha yangu yote, nimewapokea mabaharia wao, watu wa kelele na ukarimu.

Oktoba 2, 2009 Wasomali waliiteka Alakrana, ya Bermeo, watu 36 ndani. Waliachiwa Novemba 17 baada ya fidia. Magazeti ya kwao yaliandika Wabaski na Wagalisia. Lakini 20 kati ya wale walikuwa watu wa Ghana, Senegal, Ivory Coast, Madagaska, Shelisheli na Indonesia. Maharamia wawili waliokamatwa walipelekwa Madrid, 2011 wakapigwa miaka 439 kila mmoja. Sijasikia aliyewauliza wale 20 walilala vipi siku zote zile.

Mkitafuta dokumentari huru juu ya maisha ya Wabaski, hiyo hapo, tena pwani yetu ina sehemu yake.

#28 KameraMoja

Babu, shikamoo. Hii natamani kuifanya mimi. Naomba nikufuate pembeni.

#29 Kigogo wa Kijiweni

Ameshapata mada, sasa atatusahau. Lakini kabla hujaondoka, jibu hili: huyo mtengenezaji "huru" unayemtaja tangu #1, huru kwa nani? Hela anatoa nani?

#30 Nyaraka

Kigogo leo umeuliza la maana. Wabaski walilijibu zamani kwa namna yao. Ama Lur, ya Fernando Larruquert na Nestor Basterretxea, ilitoka 1968 wakati Franco yuko kitini. Fedha zilichangwa na watu wa kawaida, kila mmoja kidogo chake. Hakuna tajiri wala serikali aliyeishika. Lakini wachunguzi wa filamu walidai jina la Hispania litajwe, na mti wa Gernika, alama ya uhuru wa Wabaski, usionekane mkavu wa baridi. Huru mfukoni, amefungwa mdomoni.

Baada ya Franco ikaja Ikuska, mfululizo wa dokumentari fupi zipatazo 20 kati ya 1978 na 1984, chini ya Antxon Ezeiza, kwa Kibaski. Na 1979 Imanol Uribe akatoa El proceso de Burgos, kuhusu kesi ya kijeshi ya 1970 ambayo wana ETA sita walihukumiwa kifo kisha wakapunguziwa. Aliwaweka washtakiwa wenyewe waeleze. Upande mmoja mtupu, na wakati ule wengi waliona ni ushujaa kwa kuwa waliowahukumu walikuwa utawala wa Franco.

Medem alipokuja 2003 na kampuni yake mwenyewe, pesa haikuwa kamba ya kumvutia. Wakamvuta kwa kumchafua jina.

#31 Binti Forodhani

Mnamsahau Aitor Merino. Mwigizaji aliyekulia Nchi ya Wabaski kisha akahamia Madrid. Rafiki yake wa utotoni akaingia ETA, akakamatwa, akafungwa Ufaransa. Merino na dada yake Amaia wakatengeneza Asier eta biok, 2013. Hakuna wahojiwa 70 wala wataalamu. Ni yeye anajaribu kuwaeleza marafiki zake wa Madrid kwa nini bado anampenda mtu ambaye hakubaliani naye, na mara nyingi anashindwa. Mimi ile ilinigusa kuliko Medem. Mtu mmoja anayekiri yuko karibu na nani, basi.

#32 Mama Zawadi

Yake naikubali kwa sababu hajifanyi refa.

#33 MezaYaUhariri

Halafu mje kuniambia tarehe ndiyo kila kitu. Septemba 2023, tamasha lile lile la San Sebastián, Jordi Évole na Màrius Sánchez wanaleta No me llame Ternera, mahojiano na Josu Urrutikoetxea, mmoja wa vigogo wa ETA. Watu zaidi ya 500 wanasaini barua iondolewe. Bunduki zimenyamaza miaka 12! Wengi wao hata hawakuwa wameiona. Miaka 20 baada ya Medem, wimbo ule ule.

Na Évole hakusikiliza kwa upole. Alimbana. Akatoboa jambo: mtu huyo alikiri kushiriki mauaji ya meya wa Galdakao mwaka 1976, kosa lililokwishafunikwa na msamaha wa 1977. Filamu inaanza na polisi wa manispaa aliyekuwa mlinzi wa meya siku ile, akapigwa risasi akapona. Alikuwa hajawahi kujua nani alihusika. Akaoneshwa yale mahojiano.

Kwa hiyo kalenda ya Nyaraka, mkasi wangu, ukimya wa Bilbao, mizani ya Mama Zawadi, vyote vina sehemu. Lakini hapa aliyehojiwa ni mmoja tu, hakuna wa kusawazishwa naye. Bado wakakasirika.

#34 Mama Zawadi

Walikasirika kwa kuwa mwuaji alipewa kiti na taa nzuri kwenye tamasha la mji ambao ETA iliua watu wengi. Si lazima uione filamu ili uone kiti.

#35 Mswahili wa Bilbao

Mimi nilimwuliza kijana wa kazini, miaka 22, kama aliiona. Akasema hamjui Urrutikoetxea ni nani. Anapiga kura lakini. Uchaguzi wa Aprili 2024, EH Bildu, muungano wa vyama wa mrengo ule wa zamani wa Batasuna, ulipata viti 27, sawasawa na chama cha PNV waliozoea kutawala. Vijana wengi wanaongelea kodi za nyumba na ajira. Wazee ndio wanaongelea orodha ya wagombea wa 2023 wa Bildu, iliyokuwa na watu 44 waliowahi kuhukumiwa kwa mambo ya ETA, saba kati yao kwa mauaji. Wale saba walisema hawatachukua viti.

#36 Konda Msomi

Mswahili, wewe uko huko huko. Ukipewa kamera leo unaanza na nani?

#37 Mswahili wa Bilbao

Walinzi. Miaka ile madiwani, majaji, waandishi na wafanyabiashara walitembea na walinzi binafsi, wengi wao watu wa kuja kutoka Hispania nyingine. Waliingia nao baa, kanisani, kwenye harusi, wakasubiri nje ya mlango wa mahawara wao. Walisikia kila kitu na kazi yao ilikuwa kukaa kimya. Baada ya Oktoba 2011 wengi wakapoteza kazi ndani ya muda mfupi. Kuna mmoja alikuja kufanya usalama kwenye duka kubwa karibu na kwetu. Nilimkuta anavuta sigara nikamsalimia. Bado anasimama mgongo ukutani.

#38 Kigogo wa Kijiweni

Wewe futa hiyo haraka, KameraMoja yupo anasoma.

#39 KameraMoja

Nimeshainakili.